Manuel Parada: Mtunzi Ambaye Uhispania Nzima Ilimskiza kwa Lazima

Piga hii picha. Ni Jumamosi jioni, Madrid, mwaka wa 1950. Umetoka na dame wako, mmevaa luku safi, mmelipia tiketi ya filamu ya Hollywood. Taa zinazimwa. Mnangoja kumwona staa wenu. Badala yake matarumbeta yanalipuka kwenye spika, neno NO-DO linajaa kwenye skrini, na kwa dakika kama kumi hivi mnaonyeshwa Jenerali Francisco Franco akifungua bwawa, askofu akibariki kitu, fahali akichomwa mkuki uwanjani na timu ya mpira ikiinua kombe. Hakuna pa kubonyeza uruke. Hakuna sinema ingine ya kutorokea, juu hata hiyo ingine iko na matarumbeta yaleyale. Ni sheria.

Sisi huku tunaonja hiyo kitu kidogo. Ukienda sinema Nairobi, wimbo wa taifa unapigwa kwanza, unasimama na popcorn mkononi, halafu maisha yanaendelea. Wahispania walipigiwa yao kuanzia 1943 hadi mwisho wa 1975. Miaka 33. Mtoto alizaliwa, akasoma, akaoa, akapeleka watoto wake sinema, na matarumbeta bado yalikuwa yanamngoja.

Sasa swali la mia mbili: nani aliyatunga? Hapo ndipo wengi hukwama. Jamaa alikuwa anaitwa Manuel Parada. Huenda hakuna mtunzi mwingine wa Uhispania wa enzi hizo aliyeskizwa na watu wengi hivyo bila wao kujua jina lake. Leo tunamcheki kutoka mwanzo hadi mwisho, juu story yake inamhusu msee yeyote anayetengeneza muziki na anajiuliza: je, mwenye pesa akikuja na kazi, nichukue tu?

Kwa ufupi

- Jina kamili: Manuel Parada de la Puente
- Kuzaliwa: 1911, San Felices de los Gallegos, mkoa wa Salamanca, Uhispania
- Kufariki: 1973, Madrid
- Kazi: mtunzi wa muziki wa filamu na wa jukwaani
- Zilizomtambulisha: Raza (1942), mlio wa NO-DO (1943), Los últimos de Filipinas (1945)
- Mwongozaji aliyepiga naye kazi sana: José Luis Sáenz de Heredia

Kutoka ushago hadi Madrid

San Felices de los Gallegos ni kijiji kidogo magharibi mwa Uhispania, karibu kabisa na mpaka wa Ureno. Si mahali ungetarajia mtu atoke aje kuandikia dikteta muziki. Lakini Parada alikuwa na kipaji, na kama vijana wengi wa mikoani, njia ilikuwa moja: kwenda jiji kubwa. Aliishia Madrid, akasoma utunzi kwa Conrado del Campo, mwalimu ambaye mikononi mwake ilipita sehemu kubwa ya watunzi wa Uhispania wa kizazi hicho.

Hii ya mwalimu usiipuuze. Del Campo alikuwa mtu wa okestra kubwa, shule ya zamani: nyuzi nyingi, shaba nyingi, hisia zimewekwa mezani wazi. Ukiskiza filamu za Uhispania za miaka ya 1940 unaskia hiyo shule kila mahali. Mama akilia, vinanda vya nyuzi vinalia naye. Jeshi likitokea, matarumbeta yanatangulia. Hakuna kuficha.

Halafu vita vikaja. Julai 1936 majenerali, Franco akiwa mmoja wao, waliasi dhidi ya serikali ya Jamhuri. Uhispania ikajichinja kwa karibu miaka mitatu. Tarehe 1 Aprili 1939 Franco akatangaza ushindi, na kutoka hapo nchi ikawa yake hadi siku alipokufa, 20 Novemba 1975. Washairi, wanamuziki na walimu kibao walikuwa wameuawa, wamefungwa ama wametoroka nchi. Waliobaki walikuwa na chaguo moja la kawaida sana: kula.

Parada alikuwa kwenye miaka yake ya ishirini hivi vita vikiisha. Kazi ilikuwa jukwaani, kwa kuandikia tamthilia za Madrid muziki, na kwenye filamu, ambayo serikali mpya ilikuwa imeipenda ghafla. Iliipenda kwa sababu zake.

Raza: Wakati dikteta aliandika skripti

Hii sehemu ukimwambia mtu atadhani umetunga. Franco, kichwa cha nchi, alikaa chini akaandika hadithi ya filamu. Hakutumia jina lake. Alijiita Jaime de Andrade, kama msanii anayeficha akaunti yake ya pili.

Hadithi yenyewe iliitwa Raza. Ni familia ya Churruca, watu wa jeshi la majini. Baba anakufa kishujaa kwenye vita vya 1898 dhidi ya Marekani. Watoto wanakua, vita vya wenyewe kwa wenyewe vinaingia, mmoja ni askari mwaminifu, mwingine ni mtawa, mwingine amejiunga na upande wa Jamhuri na mwishowe anatubu. Unajua inaelekea wapi.

Kitu inauma kidogo ni hii: familia ya Franco mwenyewe haikuwa hivyo. Babake alikuwa wa jeshi la majini kweli, lakini alikuwa mtu wa starehe, na alimwacha mkewe na watoto akaenda kuishi maisha yake Madrid. Kakake mdogo Ramón alikuwa rubani maarufu, na kwa muda alikuwa upande wa Jamhuri. Kwa hivyo dikteta alichukua kalamu akajitengenezea baba mpya na familia mpya. Halafu akaitisha kamera.

Mwongozaji alikuwa José Luis Sáenz de Heredia, binamu wa José Antonio Primo de Rivera, mwanzilishi wa chama cha Falange. Staa alikuwa Alfredo Mayo, na Ana Mariscal kando yake. Muziki ukapewa Manuel Parada. Filamu ilionyeshwa mara ya kwanza Madrid Januari 1942. Parada alikuwa na miaka 30.

Hebu fikiria hiyo presha. Mwandishi wa skripti hawezi kukosolewa. Ukiweka nyuzi mahali alitaka ngoma, unaenda kumwelezea nani? Na kumbuka kazi ya muziki kwenye filamu kama hii: picha inaonyesha mtu akipigwa risasi, na muziki ndio unakuambia kama amekufa shahidi ama amekufa tu. Mtazamaji anadhani ameamua mwenyewe kulia. Kumbe kuna jamaa aliyeandika mahali machozi yataanzia.

Lakini cheki venye mambo hugeuka. 1942 Hitler alikuwa bado anaonekana kama mshindi, kwa hivyo Raza ilijaa saluti za kifashisti na maneno makali kwa Marekani. 1945 Hitler ameisha. Kufikia 1950 Franco alikuwa anatafuta urafiki na Wamarekani, na filamu yake mwenyewe ikawa aibu. Wakaikata, wakaondoa saluti, wakaweka mazungumzo mapya mdomoni mwa waigizaji walewale, na wakaibatiza Espíritu de una raza. Nakala za zamani zilitafutwa ziondolewe. Ile ya kwanza ilidhaniwa imepotea kabisa hadi ilipopatikana tena miaka ya 1990.

Yaani hata dikteta akiandika, akilipa na akitoa amri, bado kazi inaweza kufutwa na yeye mwenyewe upepo ukibadilika. Weka hiyo akilini.

NO-DO: Ngoma iliyopigwa kwa amri

Kabla ya vita kuisha na hata kidogo baadaye, sinema za Uhispania zilikuwa zinaonyesha habari za kampuni za nje: Fox ya Wamarekani, UFA ya Wajerumani, LUCE ya Waitaliano. Serikali ya Franco haikutaka Mhispania ahadithiwe dunia na mtu mwingine. Mwisho wa 1942 ikaunda shirika lake, Noticiarios y Documentales, na watu wakalifupisha NO-DO. Hakuna mwingine aliruhusiwa kutengeneza habari za sinema. Na kila ukumbi, kutoka wa kifahari wa Madrid hadi banda la kijijini, ulilazimika kuonyesha NO-DO kabla ya filamu.

Amri hiyo haikuishia Ulaya. Ilihusu Uhispania pamoja na makoloni yake. Maana yake ni kwamba matarumbeta ya Parada yalitua Afrika pia, hadi Guinea ya Kihispania, ambayo ilipata uhuru 1968 na sasa tunaijua kama Guinea ya Ikweta.

Toleo la kwanza lilitoka 4 Januari 1943. Lilimwonyesha Franco ofisini mwake kwenye kasri la El Pardo, akichapa kazi kwa ajili ya taifa. Hiyo ndiyo ilikuwa mtindo hadi mwisho. Franco akifungua bwawa. Franco akifungua kiwanda. Franco akivua samaki. Alifungua mabwawa mengi hadi wananchi wakamtungia jina: Paco Rana. Paco ni kifupi cha Francisco, na rana ni chura, juu kila ukimwona yuko kando ya maji, anaruka kutoka bwawa moja hadi lingine.

Migomo hukuona. Njaa ya miaka ya 1940 hukuona, na Wahispania walikuwa wanakula kwa kadi za mgao hadi 1952. Wafungwa wa kisiasa hukuona. Uliona mpira, fashoni za Paris, wanyama wa kuchekesha, mafuriko ya nchi za mbali. Kauli mbiu yao ilijigamba kwamba wanamletea kila Mhispania dunia nzima. Dunia ilikuja, lakini ilikuwa imepitia mkononi mwa mtu kwanza. Halafu ilikuja imechelewa: nakala zilianza kwenye kumbi kubwa za mjini zikishuka polepole, hivyo kijijini ungeweza kuonyeshwa habari ambayo mwenyewe umeshaisahau.

Sasa mlio wenyewe. Ni mfupi, ni wa shaba, unatembea kama gwaride. Hauna shida wala swali ndani yake. Unasimama wima na kutangaza kwamba kitu muhimu kinakuja. Kama umewahi kufanya kazi ya redio utajua hiyo kazi ni ngumu kuliko inavyoonekana: una sekunde chache, hakuna maneno, na msee akiskia hata akiwa chooni lazima ajue ni kipindi gani. Parada aliipiga sawasawa. Ukimweka Mhispania mzee leo, umpigie hizo sekunde chache, atakuambia harufu ya ukumbi wa utotoni mwake, bei ya karanga na nani alikuwa amekaa kando yake.

Hiyo ndiyo siri ya kazi kama hii, na pia ndiyo hatari yake. Matarumbeta yalifungamana na kumbukumbu tamu za watu: deti ya kwanza, Jumapili na baba, busu gizani. Propaganda ilipanda gari moja na mapenzi, na hukuweza kushusha moja ukaacha ingine.

Na Kenya ilikuwa kwenye skrini pia

Usidhani sisi hatukuwepo. 1953 Hollywood ilitoa Mogambo, ya Clark Gable, Ava Gardner na Grace Kelly, na sehemu kubwa ilipigwa huku kwetu Afrika Mashariki, Kenya ikiwemo. Kwenye hadithi, Grace Kelly ni mke wa mtu ambaye anampenda mwindaji, Clark Gable.

Wachujaji wa Franco wakaona hapo kuna dhambi: mke wa mtu hawezi kupenda nje kwenye skrini ya nchi ya Kikatoliki. Filamu za nje zilikuwa zinawekwa sauti za Kihispania, kwa hivyo kubadilisha mazungumzo ilikuwa kitu ndogo. Wakamgeuza mume na mke kuwa kaka na dada. Tatizo? Picha zilikuwa bado zinawaonyesha wawili hao wakiishi kama mume na mke. Katika harakati za kuficha mchepuko, wakatengeneza kitu kibaya zaidi. Hii story Wahispania huicheka hadi leo.

Na kabla Mkenya yeyote wa pembeni, twiga ama Clark Gable aonekane kwenye ukumbi wa Uhispania, sheria ilikuwa sheria: kwanza Parada, kwanza NO-DO.

Kazi yenyewe ilifanywaje?

Wewe una FL Studio kwa laptopu na unaweza kurudisha kosa kwa kubonyeza vidole viwili. Wacha nikuonyeshe venye enzi za Parada ilikuwa.

Mtunzi aliitwa filamu ikiwa imeshapigwa na kukatwa. Anaonyeshwa, anapewa orodha ya sehemu zinazohitaji muziki na urefu wa kila moja kwa sekunde. Anaenda nyumbani anaandika kila noti kwa mkono, kwa kila chombo: violini, filimbi, tarumbeta, ngoma. Muda ni mfupi juu pesa za filamu zimeshaisha na mwenye filamu anataka kuionyesha. Halafu okestra inaingia studio, picha inarushwa ukutani, na mwongoza okestra anapiga huku jicho moja likiwa kwenye karatasi na lingine kwenye skrini. Mlango ukigongwa kwenye picha sekunde ya 14, muziki ufike hapo sekunde ya 14. Mpiga filimbi akikosea, mnarudia wote.

Sauti ilichapishwa kwa mwanga kando ya ukanda wa filamu, na hiyo teknolojia ilikuwa inakula sauti nzito za chini na nyembamba za juu. Ndiyo maana shaba zilitawala. Tarumbeta inapenya hata kwenye spika mbovu ya kijijini. Ukiskiza mlio wa NO-DO na masikio hayo utaelewa kwamba jamaa alijua spika yako ni ya aina gani.

Na alifanya hiyo kazi tena na tena. Na Sáenz de Heredia pekee walitoa El escándalo (1943), kisha El destino se disculpa (1945), kichekesho cha msee aliyekufa akarudi kama mzimu kumsaidia rafiki yake. Mariona Rebull (1947) ni ya matajiri wa Barcelona, na ndani kuna bomu linalolipuka ukumbi wa opera. La mies es mucha (1948) ni ya mmisionari India. Baadaye Don Juan (1950) na Los ojos dejan huellas (1952), hadithi ya uhalifu. Mapenzi, mizimu, dini, mauaji: unaandika chochote kinacholetwa. Hiyo ndiyo mtaani tunaita kuhustle.

Los últimos de Filipinas: Watu waliokataa kuamini habari

1945 Parada aliandikia muziki filamu ya Antonio Román, Los últimos de Filipinas. Ni tukio la kweli. 1898 Uhispania ilikuwa inapoteza Ufilipino. Kikosi cha wanajeshi hamsini hivi kilijifungia ndani ya kanisa katika mji wa Baler, na kikazingirwa. Desemba mwaka huohuo Uhispania ilitia saini mkataba, vita vikaisha. Watu wakawaletea magazeti pale kanisani. Wanajeshi wakayasoma wakasema: hizi ni za uongo, mnatuchezea. Wakaendelea kupigana. Walikaa ndani siku 337, wengine wakafa kwa magonjwa, hadi Juni 1899 afisa wao alipoona kwenye gazeti habari ndogo ambayo adui asingeweza kuitunga, ndipo wakatoka.

Serikali ilipenda hiyo filamu kama hadithi ya ushujaa. Lakini kaa nayo kidogo. Mtunzi aliyeandika mlio wa habari rasmi za taifa, ndiye aliandikia muziki filamu ya watu waliokufa juu hawakujua tena habari gani ni ya kweli. Sijui kama kuna mtu kwenye ukumbi alicheka peke yake gizani. Mimi ningecheka.

Na kuna kejeli ingine, ndogo lakini inachoma. Filamu hiyo ilizaa kibao ambacho Wahispania waliimba kwa miaka mingi, Yo te diré. Muulize mtu yeyote unachokumbuka kutoka filamu hiyo, atakutajia huo wimbo. Na si wa Parada. Uliandikwa na Jorge Halpern, maneno ya Enrique Llovet. Parada alibeba filamu nzima mgongoni, sifa zikaenda kwa dakika chache za mwingine.

Wenzake walikuwa wanafanya nini?

Ili umpime Parada vizuri, cheki waliokuwa naye ligi moja.

Juan Quintero (1903–1980). Huyu alizaliwa Afrika kabisa, Ceuta, mji wa Uhispania ulioko pwani ya Afrika Kaskazini. Alikuwa mtunzi mkubwa wa kampuni ya CIFESA kwenye filamu za malkia na mashujaa kama Locura de amor (1948) na Agustina de Aragón (1950). Pasodoble yake En er mundo bado inapigwa na bendi hadi leo.

Jesús García Leoz (1904–1953). Yeye aliwahi kuandikia muziki mashairi ya Federico García Lorca, mshairi aliyeuawa na upande wa Franco 1936. Kwenye filamu aliandikia Surcos (1951), ya familia iliyotoka ushago kwenda Madrid kutafuta maisha na jiji likawatafuna. Ukiitazama utadhani ni Nairobi. Ingine ilikuwa ¡Bienvenido, Mister Marshall! ya Luis García Berlanga: kijiji kinajipamba kuwapokea Wamarekani wenye misaada, na magari yanapita mbio bila kusimama. Ndani ya filamu hiyo wanakijiji wamekaa sinema wakionyeshwa NO-DO. Yaani Berlanga alichukua silaha ya serikali akaigeuza kuwa kichekesho. García Leoz hakuona umati ukicheka. Alifariki Februari 1953, filamu ikatoka Aprili.

Antón García Abril (1933–2021). Kijana wa nyuma yao. Naye alichukua kazi ya mwenye nguvu: aliandikia muziki Franco, ese hombre (1964), filamu ya kumsifu Franco iliyoongozwa na Sáenz de Heredia yuleyule. Lakini miaka kumi baadaye akatunga muziki wa kipindi cha wanyama cha runinga, El hombre y la Tierra, na hapo ndipo watu wakamweka moyoni. Akitajwa leo, wanaskia mbwa mwitu na tai, hawamskii Franco.

Unaona tofauti? Wote walifanya kazi chini ya utawala mmoja. Quintero alibaki na pasodoble. García Leoz alibaki na Surcos na kicheko cha Berlanga. García Abril alipata muda wa kuandika ukurasa mwingine. Parada, pamoja na makumi ya filamu, alibaki na sekunde chache za matarumbeta ambazo jina lake halijaandikwa juu yake.

Mwisho wake

Manuel Parada alifariki Madrid 1973. Franco alikuwa bado hai, NO-DO ilikuwa bado lazima. Usiku ambao Parada alizikwa, sinema za Uhispania zilipiga mlio wake kama kawaida, na watu waliendelea kula karanga.

Miaka miwili baadaye Franco naye akafa. Kuanzia 1976 NO-DO haikuwa lazima tena, na wenye kumbi hawakuililia. Runinga, iliyoanza Uhispania 1956, ilikuwa imeshaipita mbali. 1981 ikafungwa kabisa. Maelfu ya matoleo yake yako kwenye hifadhi ya filamu ya taifa, na unaweza kuyatazama bure mtandaoni kwenye tovuti ya shirika la utangazaji la Uhispania. Wanahistoria huyapitia wakitafuta kile ambacho hakikuonyeshwa.

Sasa wewe prodyuza unajifunza nini?

Mwaka wa uchaguzi, kila studio ya mtaani inageuka kiwanda cha nyimbo za wagombea. Beshte wangu mmoja alikuwa na biti kali sana, kitu alikuwa anaitunzia albamu yake. Mwanasiasa akakuja na doh, rent ilikuwa imechelewa miezi miwili, biti ikaenda. Kampeni iliisha. Mheshimiwa alishindwa. Lakini hadi leo akipiga kitu chenye hiyo ladha, watu wanapiga kelele jina la yule jamaa. Biti si yake tena.

Mimi siwezi kumhukumu, nimeandika matangazo ya vitu ambavyo siwezi kununua. Na Parada alikuwa kwenye shida kubwa kuliko rent: nchi iliyotoka kuchinjana, na mtu mmoja mwenye ufunguo wa kila ukumbi. Ninachosema ni kwamba kazi nzuri haijali imefanyiwa nani. Alifanya mlio mzuri sana, na uzuri wake ndio uliuwezesha kuingia kwenye utoto wa watu na kukaa humo na Franco ndani.

Ukitaka kumskiza, anzia hapa

1. Tafuta mlio wa NO-DO. Ni sekunde chache. Uskize mara tatu, halafu jaribu kuusahau.
2. Tazama Los últimos de Filipinas (1945), lakini funga akili kwa Yo te diré, fuata okestra iliyo chini ya picha.
3. Cheki El destino se disculpa (1945) umskie akicheza bila gwaride.
4. Maliza na Raza ile ya kwanza. Kila nyuzi zikianza kulia, jiulize nani amekuambia ulie.